York ni mti, mtu, nguruwe mwitu au farasi? Ulinganisho wa maana nne za jina moja la kale

Mji wa York uko kaskazini mwa Uingereza, kwenye ulimi wa ardhi ambapo mto Foss unaingia mto Ouse. Jina lake limesafiri sana: limefika New York, limefika rasi ya Cape York huko Australia, na hata Toronto ya Kanada iliitwa York hadi mwaka 1834. Ndiyo maana watu huuliza jina hili lina maana gani, na majibu wanayopewa ni manne. Wako wanaosema ni mahali penye miti ya yew. Wako wanaosema ni mali ya mtu aliyeitwa Eburos. Wengine husema ni mji wa nguruwe mwitu, na wengine ghuba ya farasi. Tatizo ni kwamba kila jibu huandikwa peke yake kwa uhakika kamili, kana kwamba mengine hayapo.

Mwalimu anayeandaa somo, mfasiri, au mtu anayeandika makala ya ensaiklopidia kwa Kiswahili hawezi kuyapa yote manne uzito uleule. Itambidi achague. Mimi nimeshachagua: nashika mti, mtu nampa nafasi ya pili, nguruwe mwitu nampa heshima ya namna yake, na farasi namweka pembeni. Nieleze kwa nini, kwa sababu namna ya kuchagua ndiyo inayofaa kujifunza hapa, na inatumika kwa majina mengine mengi ya Uingereza.

Tuanze na maandishi yenyewe

Mwaka 71 gavana wa Kirumi, Quintus Petillius Cerialis, aliwapeleka askari wa Lejioni ya Tisa kaskazini wakajenga ngome katikati ya mito ile miwili. Maandishi ya zamani kuliko yote tuliyonayo yenye jina la mahali hapo ni kibao cha mbao kilichopatikana Vindolanda, ngome nyingine ya Warumi karibu na Ukuta wa Hadrian. Ni cha kati ya mwaka 95 na 104 hivi, na anwani yake inasomeka *Eburaci*, yaani "huko Eburacum". Tazama irabu ya pili: ni u. Umbo la *Eboracum*, lenye o, ndilo lililokuja kuzoeleka vitabuni, lakini kibao cha mbao kina u, na tutaona kwamba herufi hiyo moja ina kazi. Katika karne ya 2 Ptolemy, mwanajiografia wa Aleksandria, aliandika jina hilo kwa Kigiriki kama Eborakon.

Warumi waliondoka Uingereza mwanzoni mwa karne ya 5. Wakaja Waanglo-Saksoni, na katika Kiingereza cha Kale mji ukaitwa *Eoforwic*. Mwaka 866 jeshi la Waviking wa Denmark likauteka, na kwa lugha yao ukawa *Jórvík*. Kitabu kikubwa cha kodi cha mwaka 1086 kinauandika *Euruic*. Umbo fupi la York linakuja baadaye, katika Kiingereza cha Kati.

Mpangilio huo wa miaka tayari unapunguza ushindani. Nguruwe na farasi wanaonekana wakati jina lina umri wa mamia ya miaka. Yeyote anayetaka *asili* ya jina lazima aeleze Eburaci kwanza. Asiyeweza kuieleza Eburaci anaeleza kitu kingine, ambacho nacho kinaweza kuwa na thamani, lakini si asili.

Kuna ushahidi mwingine ambao watu huusahau. Lugha za Kiselti zilizo hai zimeendelea kulitumia jina hili bila kupitia kwa nguruwe. Kwa Kiwelisi York ni *Efrog*, na New York ni *Efrog Newydd*. Kwa Kiairishi New York ni *Nua-Eabhrac*. Hata Kanisa la Uingereza limeshika njia ya zamani: Askofu Mkuu wa York anapotia saini huandika jina lake la kwanza kisha *Ebor*, kifupi cha jina la Kilatini.

Mti wa yew

Warumi walikuta mahali hapo pana jina, wakaliandika walivyolisikia. Lugha ya wenyeji ilikuwa Kibritoni, ya jamii ya Kiselti, na wataalamu hulijenga upya jina lenyewe kama *Eburākon*. Sehemu ya mwisho, *-ākon*, ni kiambishi kinachoonyesha mahali penye kitu fulani au panapohusiana nacho. Sehemu ya kwanza, *eburo-*, yenye u ileile ya kibaoni, ndiyo inayobishaniwa.

Upande wa mti una hoja ya nguvu kutoka Ireland. Katika Kiairishi cha Kale *ibar* ni mti wa yew, na leo neno hilo ni *iúr*. Mji wa Newry, Ireland ya Kaskazini, unalo ndani ya jina lake, kwani kwa Kiairishi unaitwa *An tIúr*. Yew ni mti wa majani membamba kama sindano yasiyopukutika wakati wa baridi, wenye vitunda vyekundu vinavyovutia macho na sumu karibu kila mahali: majani, magome, mbegu. Mbao zake hupindika bila kuvunjika, na kwa karne nyingi pinde ndefu za Waingereza zilitengenezwa kwazo. Mti wa namna hiyo watu hawaupiti bila kuuona. Unaua ng'ombe, unatoa silaha, na unaishi miaka mingi mno. Kuita mahali kwa jina lake ni jambo la kawaida kabisa.

Hoja ya pili inatoka bara. Huko Gaul, yaani eneo la Ufaransa ya leo na jirani zake, kulikuwa na kabila lililoitwa Eburones. Julius Caesar anasimulia kwamba Catuvolcus, mmoja wa wafalme wao wawili, alipoona vita vimewashinda na yeye ni mzee asiyeweza tena kupigana wala kukimbia, alijiua kwa sumu ya yew. Siwezi kusema Caesar alikusudia kucheza na jina la kabila. Huenda hata hakujua lina maana gani. Lakini inaonyesha kwamba mti huo na watu wenye jina hilo walikaa pamoja. Mzizi uleule unaonekana katika Eburodunum, ambayo leo ni Yverdon nchini Uswisi, na katika kabila la Eburovices walioupa mji wa Évreux wa Ufaransa jina lake.

Hata hivyo mti hauna ushindi wa bure, na anayeutetea lazima akubali udhaifu wake. Udhaifu huo uko kwa Wawelisi na kwa Wabretoni wa kaskazini-magharibi mwa Ufaransa, ambao ndio warithi wa karibu zaidi wa Kibritoni. Neno la Kiwelisi lililotokana na mzizi huu, *efwr*, si yew. Ni mmea wa porini wenye maua meupe ya mwavuli. Neno la Kibretoni, *evor*, ni kichaka cha aina nyingine kabisa. Kwa hiyo mtu anaweza kusema kwa haki: labda mahali hapo paliitwa kwa mmea, sawa, lakini si lazima uwe yew. Naiona hoja hiyo kuwa nzito. Ila majina ya mimea huhama sana. Watu wakihamia kusiko na mti fulani huuvika mmea mwingine jina lake. Ireland na Gaul, sehemu mbili zilizo mbali, zinaelekeza kwenye yew. Kwangu hilo linatosha kuandika "huenda ni mahali penye miti ya yew", na neno "huenda" lisiondolewe.

Mtu aliyeitwa Eburos

Huyu ndiye mshindani wa kweli wa mti, na inasikitisha kwamba watu wengi hawamsikii kabisa kwa sababu nguruwe ana kelele zaidi.

Hoja yake iko kwenye kiambishi. Huko Gaul, wakati wa Warumi, majina yenye *-acum* mara nyingi yalikuwa ya mashamba: jina la mwenye mali, kisha kiambishi. Vijiji vingi vya Ufaransa vyenye majina yanayoishia na *-ac*, *-ay* au *-y* vilianza hivyo. Na Eburos ni jina la mtu linalofahamika miongoni mwa Waselti. Ukiyaweka pamoja, Eburacum inakuwa "kwa Eburos" au "mali ya Eburos", na inasimama vizuri kisarufi.

Kinachonizuia kumpa Eburos nafasi ya kwanza ni wakati na mahali. Desturi ya kuita mashamba hivyo ilistawi Gaul chini ya utawala wa Kirumi uliokwisha kukaa. York iliingia katika maandishi miongo mitatu hivi baada ya askari kufika, na jina lake ni la wenyeji, kutoka kisiwa ambacho desturi hiyo haikukita mizizi kwa namna ileile. Pia kuna jambo linalopunguza ugomvi: jina la Eburos lenyewe linaelekea kutoka kwenye mti uleule. Hata akishinda mtu, mzizi wa jina unabaki uleule.

Usimchanganye huyu na mfalme Ebraucus. Huyo ni wa Geoffrey wa Monmouth, aliyeandika katika miaka ya 1130 historia ya wafalme wa Britania iliyojaa ubunifu. Kwa simulizi yake, Ebraucus aliishi zama za mfalme Daudi wa Israeli, akazaa wana 20 na mabinti 30 kwa wake 20, na akaujenga mji wa Kaerebrauc. Mfalme alitengenezwa kutokana na jina la mji, si mji kutokana na mfalme. Lakini watu wa York walimpenda: mfalme Henry VII alipoingia mjini mwaka 1486, kati ya waliompokea katika maonyesho ya barabarani alikuwamo mtu aliyeigiza mfalme Ebrauk. Ukikuta mahali pameandikwa kwamba York imepewa jina la mfalme wake mwanzilishi, ujue chanzo ni hicho.

Nguruwe mwitu

Katika Kiingereza cha Kale *eofor* ni nguruwe mwitu dume, na *wic* ni makazi, hasa mahali pa biashara. Eoforwic inasomeka waziwazi: mji wa biashara wa nguruwe mwitu. Ndiyo maana jibu hili linapendwa. Ni la Kiingereza, lina picha, na halihitaji lugha zilizokufa.

Lakini angalia ilivyotokea. Baada ya karne kadhaa, Eburākon haikutamkwa tena hivyo. Konsonanti b iliyo kati ya irabu ililainika ikawa v. Irabu ndefu ya a ikaelekea o. Silabi ya mwisho ikadondoka. Wenyeji wakawa wanasema kitu kinachokaribia *Evoroc*. Sasa *eofor* ya Waanglo-Saksoni haikutamkwa kwa f: kati ya irabu, f yao ilikuwa v. Mgeni aliposikia *Evor-oc*, sikio lake lilikuta neno analolijua tayari, kisha mwishoni silabi isiyo na maana kwake, *oc*. Akaikamilisha kwa neno la kwao lililofanana: *wic*.

Sisi wasemaji wa Kiswahili tunaijua njia hii. Maneno ya Kiingereza yaliyomwamuru dereva akae kushoto yametupa *kipilefti*. Tukasikia ki- ya ngeli yetu mwanzoni mwake, na zikiwa nyingi tukasema *vipilefti*. Hakuna aliyekaa akapanga. Sikio lilipanga lenyewe.

Hivyo ndivyo nguruwe alivyoingia York. Hakuwa amekaa kwenye jina akisubiri kugunduliwa. Alisikika ndani yake. Anayeandika kwamba "York asili yake ni nguruwe mwitu" anakosea kwa miaka kama mia tano.

Na bado nasema nguruwe anastahili heshima, kwa sababu mbili. Kwanza, Waanglo-Saksoni hawakumsikia mnyama wa bahati tu. Nguruwe mwitu alikuwa alama ya mpiganaji. Kofia ya chuma iliyofukuliwa Benty Grange, Derbyshire, mwaka 1848 ina sanamu ya nguruwe juu ya utosi, kama kinga ya aliyeivaa. Jina lenye *eofor* ndani yake lilikuwa na uzito kwao.

Pili, ile *wic* haikuwa sauti tupu. Wakati huo *wic* lilikuwa neno hasa la miji ya biashara yenye gati: London yao ilikuwa na Lundenwic, Southampton ilikuwa Hamwic, na Ipswich ilikuwa Gipeswic. Wachimbaji wa mambo ya kale walipochimba Fishergate, huko York, katikati ya miaka ya 1980, nje ya kuta za Kirumi na karibu na makutano ya mito, walikuta makazi ya karne ya 8 yenye dalili za ufundi na biashara na ng'ambo. Kwa hiyo nusu ya pili ya Eoforwic inasema kweli kuhusu mji wa wakati wake. Mnyama alisikika kimakosa, lakini soko lilikuwapo.

Nguruwe aliendelea kufanya kazi baadaye. Alama ya mfalme Richard III ilikuwa nguruwe mwitu mweupe, na mwaka 1483, mwanawe alipotawazwa kuwa Prince of Wales, cheo cha mrithi wa ufalme, York palepale, ziliagizwa beji 13,000 za nguruwe huyo. Maelezo mamoja ya alama hiyo ni mchezo wa sauti na *Ebor*. Hayo ni maisha ya jina baada ya kuzaliwa, na yana historia yake nzuri.

Farasi wa ghubani

Hili ndilo dhaifu kuliko yote. Katika Kinorsi cha Kale, lugha ya Waviking, *jór* ni farasi dume, neno la washairi, na *vík* ni ghuba au hori la bahari. Ukizisoma silabi kama zilivyo unapata "ghuba ya farasi". York haina ghuba. Iko mbali na pwani, meli ziliifikia kwa mto.

Waviking hawakuufikiria mji upya. Waliliazima jina la Eoforwic na kulitamka kwa ulimi wao. Mkazo ulihama kutoka e kwenda o, *eo* ikawa *jó*, v ya katikati ikamezwa, *wic* ikawa *vík*. Jórvík ni matamshi. Na kama ingekuwa lazima kutafuta mnyama ndani yake, *jöfurr* ya Kinorsi ni ndugu wa *eofor* kwa asili, ingawa washairi wao waliitumia kwa maana ya mwanamfalme. Farasi ana haki ndogo kuliko hata nguruwe.

Msomaji wa Kilatini anaweza kuja na hoja ya tano: *ebur* ni pembe ya ndovu, je, Eboracum si mahali pa pembe? Hapana, ni kufanana tu. Ni kweli kwamba mwaka 1901 lilifukuliwa York kaburi la mwanamke wa karne ya 4 aliyezikwa na bangili za pembe za ndovu, na utafiti uliotolewa mwaka 2010 ulionyesha kuwa huenda alikuwa na asili ya Afrika Kaskazini. Ni habari ninayoipenda sana kuhusu mji huu, kama ile ya kaisari Septimius Severus, mzaliwa wa Leptis Magna katika Libya ya leo, aliyefia York mwaka 211. Lakini haina uhusiano na jina, ambalo lilikuwapo kabla yao wote.

Kwa kazi yako, chukua lipi?

Kama unaeleza asili, andika mti, kwa tahadhari: jina la Kibritoni, huenda "mahali penye miti ya yew". Ukiwa na nafasi ya sentensi ya pili, mtaje Eburos.

Kama unafundisha jinsi majina yanavyobadilika, beba nguruwe, na umweke katika karne zake. Hakuna mfano bora wa kuonyesha darasani, kwa sababu hatua zote zinaonekana: Eburākon, Evoroc, Eoforwic, Jórvík, York. Ile k ya mwisho imevuka lugha nne bila kuanguka.

Kwa maandishi ya makumbusho au ya ziara ya zama za Waviking, tumia Jórvík kama jina la mji wakati huo na usilitafsiri. Kuhusu New York, sema ilivyokuwa: mwaka 1664 Waingereza waliinyakua New Amsterdam kwa Waholanzi, wakaipa jina la mwenye cheo cha Duke wa York, James, ndugu wa mfalme Charles II. Cheo kilitajwa, si mti wala mnyama. Kuandika kwamba New York maana yake ni "nguruwe mpya", kama wanavyofanya wengine kwa kuchekesha, kunampotosha msomaji.

Jambo la mwisho ni la uandishi. Eburākon haijapatikana imeandikwa popote. Ni umbo lililojengwa na wanaisimu, na desturi yao ni kuliwekea alama ya nyota mbele: \*Eburākon. Eburaci imeandikwa kwenye mbao. Kwenye makala yako zitofautishe hizo mbili, ili msomaji ajue lipi lipo kwenye kibao cha Vindolanda na lipi limefikiwa kwa hoja.